Koltani Haikumwita Mtu Mgeni

Ukitaka kuhesabiwa mjuzi wa siasa za Maziwa Makuu siku hizi, huna haja ya kusoma. Tamka koltani, kisha nyamaza na utikise kichwa kama mtu aliyeona mengi. Nimeisikia hoja hiyo kwenye meza za Biryogo, pale barabara ilipofungwa magari yakaondolewa ili watu wakae wanywe chai. Nimeisikia Kariakoo. Nimeisoma kwa Wakongo walioko Brussels na kwa vijana wa Nairobi wanaotoa somo la ukoloni mamboleo mitandaoni. Vita vya Kivu, wanasema, ni vya madini. Hayo mengine yote, Mhutu na Mtutsi, mpaka wa mwaka gani, nani alimkuta nani, ni ngonjera za kuwapumbaza wajinga wakati malori yanapita usiku.

Ukiipinga hoja hii ukiwa Kigali unatiliwa shaka papo hapo: huyu anaficha mali. Basi nianze na mali yenyewe. Machimbo ya Rubaya, huko Masisi, yalichukuliwa na waasi wa M23 Aprili 2024. Wataalamu wa Umoja wa Mataifa waliandika kwamba waasi walikuwa wakikusanya takriban dola 800,000 kwa mwezi kutokana na kodi za koltani ya pale, na kwamba mzigo ulikuwa ukivushwa hadi Rwanda na kuchanganywa na wa hapa. Serikali ya Kigali inakanusha. Mimi si msemaji wake. Vita hula fedha, na fedha za Kivu ziko ardhini. Anayesema madini hayahusiki anastahili kuchekwa.

Ninachokataa ni hatua inayofuata, ile ya kusema kwamba kwa kuwa madini yanavilipia vita, basi madini ndiyo yaliyovizaa, na historia ni kisingizio cha wakubwa. Hoja hiyo inapendwa kwa sababu inampa kila mtu nafuu. Mnunuzi wa simu wa Ulaya anabebeshwa dhambi inayoweza kufutwa kwa cheti cha madini safi. Mwanasiasa wa Kinshasa haulizwi sheria alizozipitisha. Mwanasiasa wa Kigali haulizwi ramani aliyoionyesha. Na sisi wananchi tunabaki watazamaji walioonewa, kana kwamba hakuna mkono wetu hata mmoja uliowahi kuinua panga.

Tuanze na hapa nyumbani. Tarehe 1 Oktoba 1990 wapiganaji wa RPF walivuka mpaka pale Kagitumba. Nionyesheni mgodi waliokuwa wakiufuata. Wengi wao walikuwa watoto wa wakimbizi walioanza kutoka mwaka 1959, waliokulia Uganda. Mwaka 1982, chini ya serikali ya Obote, familia nyingi za Banyarwanda zilifukuzwa kwenye makazi yao na kusukumwa kuelekea mpakani, na serikali ya Habyarimana ikawa inawaambia kwamba nchi imejaa. Kilichokuwa kikigombaniwa ni maana ya mwaka mmoja. Katika shule za Jamhuri ya kwanza na ya pili, 1959 ilikuwa mapinduzi ya wanyonge dhidi ya mabwana waliotoka mbali. Kwa waliokuwa kambini, 1959 ilikuwa nyumba zilizochomwa na safari ya usiku. Ukiishika simulizi ya kwanza, mkimbizi ni bwana aliyeshindwa ambaye anataka kurudisha utumwa. Ukiishika ya pili, ni raia aliyenyimwa nchi yake. Bei ya kasiteri haikuwamo.

Miaka miwili baadaye, tarehe 22 Novemba 1992, msomi mwenye shahada ya udaktari kutoka Kanada, Léon Mugesera, alisimama mbele ya wanachama wa chama tawala huko Kabaya. Aliwaambia kwamba kosa la 1959 lilikuwa kuwaacha Watutsi watoke wakiwa hai. Kwao ni Ethiopia, alisema, nao watarudishwa huko kwa njia ya mkato, kupitia mto Nyabarongo. Mto huo unauvuka ukitoka Kigali kwenda Muhanga, maji yake rangi ya udongo. Mwaka 1994 ulibeba maiti hadi Akagera, Akagera ikazipitisha chini ya daraja la Rusumo mbele ya macho ya Watanzania, zikaingia Ziwa Viktoria. Wavuvi wa Uganda walizitoa majini na kuzizika. Makaburi yako Kasensero, Lambu na Ggolo mpaka leo, na wakazi wa ufukwe wanakumbuka jinsi watu walivyoacha kula samaki.

Ethiopia ya Mugesera ilitoka wapi? Ilitoka kwa John Hanning Speke, Mwingereza aliyechapisha kitabu cha safari zake mwaka 1863 na kudai humo kwamba watawala wafugaji wa eneo hili walishuka kutoka Uhabeshi. Speke hakuwahi kukanyaga Rwanda. Alifika Karagwe kwa Mfalme Rumanyika, akaviona vilele vya Virunga kwa mbali, akatosheka. Wamisionari wakaichukua nadharia yake, Wabelgiji wakaiandika kwenye vitambulisho miaka ya 1930, Jamhuri ikaifundisha darasani kwa mpangilio ambao kila Mnyarwanda wa umri wangu anaweza kuukariri: Watwa walitangulia, Wahutu wakafuata, Watutsi wakaja mwisho. Kutoka kwenye ubao wa shule hadi Kabaya haikuwa safari ndefu. Mugesera alikimbilia Kanada, akarudishwa mwaka 2012, akahukumiwa kifungo cha maisha mwaka 2016. Kwenye makaburi ya kumbukumbu ya Gisozi, Kigali, peke yake wamezikwa watu zaidi ya 250,000. Anayetaka kunishawishi kwamba historia ni kisingizio aniambie kwanza hao waliuawa kwa ajili ya mgodi upi.

Najua jibu litakalokuja. Ndiyo, wataniambia, Rwanda ni kesi ya pekee, lakini Kongo ni jambo jingine: Kongo ni utajiri. Vizuri, tuvuke mpaka.

Kuna miaka minne ambayo mtu yeyote anayezungumzia Kivu angepaswa kuijua kama anavyojua namba yake ya simu: 1908, 1950, 1885 na 1960. Ni miaka ya uraia. Katiba ya Luluabourg ya 1964 ilitaka Mkongo awe na mzee wa ukoo aliyetoka katika kabila lililokuwamo nchini kabla ya tarehe 18 Oktoba 1908, mwaka ambao Ubelgiji ilichukua koloni kutoka kwa Mfalme Leopold. Tarehe 5 Januari 1972 Mobutu alitia saini amri iliyowapa uraia watu wenye asili ya Rwanda-Urundi waliokuwa wakiishi Kivu kabla ya mwaka 1950. Mkuu wa ofisi yake wakati huo, Barthélemy Bisengimana, alikuwa na asili hiyohiyo, na hakuna aliyeliona hilo kuwa bahati nasibu. Juni 1981 sheria ikafuta zawadi hiyo na kuirudisha tarehe nyuma hadi 1 Agosti 1885. Novemba 2004 sheria nyingine ikaileta mbele hadi siku ya uhuru, 30 Juni 1960.

Mtu aliyezaliwa Masisi mwaka 1940, na wazazi walioletwa kutoka Rwanda miaka miwili kabla, amekuwa mgeni, kisha raia, kisha mgeni, kisha raia tena, bila kuhama kijiji. Waliotunga sheria hizo hawakuwa wakijadili koltani. Mwaka 1964 hapakuwa na simu ya mkononi. Bei ya koltani ilipanda kwa kishindo mwaka 2000. Kufikia hapo ugomvi wa nani Mkongo ulikuwa umeshadumu miaka zaidi ya 30 na kumwaga damu mara kadhaa.

Kwa nini tarehe iwe na uzito kiasi hicho? Hapa ndipo wapenzi wa madini wangefaa kutulia kidogo, kwa sababu jibu ni la mali, ila mali yenyewe ni shamba. Vijijini Kivu ya Kaskazini, ardhi hupatikana kupitia kwa chifu, na chifu ni wa kabila. Asiye na chifu wa kwao analima kwa hisani. Mwaka 1937 Wabelgiji walianzisha mpango wa kuwahamisha Banyarwanda kuwapeleka Masisi na jirani zake, kupunguza msongamano Rwanda na kupata vibarua wa mashamba ya walowezi. Uliendelea hadi 1955 na kuhamisha makumi ya maelfu ya watu. Waliwaundia hata eneo la utawala wao, Gishari, lililomegwa kwenye ardhi ya Wahunde. Mwaka 1957 wakalifuta. Wahamiaji wakabaki na mashamba bila chifu, Wahunde wakabaki na machifu katika nchi yao wenyewe ambamo walikuwa wamekuwa wachache. Wabelgiji wakafunga mizigo miaka mitatu baadaye.

Kisha ikaja amri ya 1972, ikafuatwa mwaka 1973 na sheria ya ardhi iliyoifanya kuwa mali ya dola, pamoja na ugawaji wa mali za wageni. Banyarwanda wenye fedha na marafiki Kinshasa walinunua mashamba makubwa ya walowezi waliokuwa wameondoka, wakayageuza malisho. Mhunde aliyemwona jirani yake akipata uraia Januari na hati ya shamba miaka michache baadaye hakuhitaji mtu wa kumchochea. Malalamiko yake yalikuwa ya kweli. Kosa lilikuwa kwamba njia pekee aliyoachiwa ya kuyasema ilikuwa kubisha historia ya jirani: wewe si wa hapa, babu yako alikuja na lori la Mbelgiji.

Machi 1993, katika soko la Ntoto huko Walikale, wapiganaji wa Kihunde na Kinyanga waliwashambulia Banyarwanda waliokuwa sokoni, na moto ukaenea Masisi nzima. Walioshambuliwa wengi walikuwa Wahutu. Mauaji ya kimbari ya Rwanda yalikuwa hayajatokea. M23 haikuwapo, wala FDLR ya waasi wa Kihutu kutoka Rwanda, na kampuni za simu zilikuwa hazijui Rubaya iko wapi. Kilichokuwapo ni maneno mawili, mwenyeji na mgeni, na swali la mwaka. Mwaka uliofuata wakimbizi zaidi ya milioni moja kutoka Rwanda walimwagika Goma na Bukavu, wakiwamo wauaji na silaha zao, na ubishi huo wa zamani ukapata jeshi.

Kwa Banyamulenge wa nyanda za juu za Itombwe mambo ni hayohayo kwa namna nyingine. Wao walikuwa kule na ng'ombe wao kabla ya mpaka wa wakoloni. Hakuna Mbelgiji aliyewaleta. Haikuwasaidia. Aprili 1995 bunge la mpito la Kinshasa lilipitisha azimio la kuwahesabu kuwa wakimbizi wa Kinyarwanda wanaopaswa kurudi kwao. Mwaka mmoja na nusu baadaye vijana wao walikuwa mstari wa mbele katika vita vilivyomng'oa Mobutu, na Kigali ikiwa nyuma yao, na huku nyuma wakimbizi wa Kihutu wakiuawa misituni kwa maelfu, jambo ambalo ripoti ya Umoja wa Mataifa ya Oktoba 2010 ililiorodhesha tukio kwa tukio na ambalo hapa Kigali halizungumzwi. Agosti 1998, vita vya pili vilipoanza, Abdoulaye Yerodia, msaidizi mkuu wa Rais Kabila, alitumia redio kuwaita Watutsi wadudu wa kuangamizwa. Ubelgiji ilitoa hati ya kumkamata, na kesi ikaishia Mahakama ya Kimataifa ya Haki mwaka 2002 kwa hoja ya kinga ya mawaziri. Novemba 2023, mjini Goma, umati ulimwua na kumchoma moto ofisa wa jeshi la Kongo lenyewe, Munyamulenge aliyevaa sare ya nchi ile. Hawakumkagua mifuko kutafuta koltani. Walimtazama pua.

"Lakini hivyo vyote ni visingizio vya wanasiasa." Nimeisikia sentensi hii mara nyingi mno, na huwa inatamkwa kwa sauti ya mtu aliyemaliza mjadala. Haya, tukubali kwamba ni visingizio. Kisingizio kinafanya kazi kwa sababu kuna anayekiamini. Mwanasiasa wa Masisi hawezi kuwakusanya vijana 500 usiku mmoja kwa kuwaeleza mgawanyo wa mrabaha. Anawakusanya kwa kuwaambia nani aliipora nchi ya babu zao. Imani ikishatosha kumfanya jirani amuue jirani, imekuwa sehemu ya chanzo, hata kama aliyeipanda alikuwa na akaunti benki nchi za nje.

Wapo wanaosema haya ni ya watu wa vijijini wasiosoma, na kwamba wakubwa, huko juu, wanaongozwa na maslahi matupu. Waangalie basi Kigali na Paris. Novemba 2006 hakimu Jean-Louis Bruguière alitoa hati za kuwakamata watu wa karibu wa Rais Kagame, akiwatuhumu kuitungua ndege ya Habyarimana. Rwanda ilimfukuza balozi wa Ufaransa ndani ya siku chache, na nchi mbili zikakaa miaka mitatu bila mabalozi kwa ubishi wa nani alifanya nini jioni ya tarehe 6 Aprili 1994. Katika miaka hiyo mitatu, shule zetu zilihamishwa kutoka Kifaransa kwenda Kiingereza, na Rwanda ikajiunga na Jumuiya ya Madola. Kesi ilifutwa mwaka 2018. Machi 2021 tume ya Vincent Duclert ikaandika kwamba Ufaransa ilikuwa na wajibu mzito, Mei 27 Macron akasimama Gisozi na kukiri, na milango ikafunguka. Miezi miwili baadaye majeshi yetu yalikuwa Cabo Delgado, karibu na gesi ya kampuni ya Kifaransa. Mjuzi wa koltani atarukia hiyo gesi. Airukie, lakini aangalie mfuatano: maslahi yalisubiri mlangoni miaka mingi, na ufunguo ulikuwa ripoti ya wanahistoria.

Hadi hapa wasomaji wangu wa Kigali wananipigia makofi. Sasa wataacha.

Oktoba 1996 Rais Pasteur Bizimungu alionyesha ramani ya Rwanda kubwa iliyofika ndani ya Kivu na kupendekeza mkutano wa Berlin wa pili. Aprili 2023, akiwa Cotonou, Rais Kagame alisema kwamba mipaka ya wakoloni iliacha sehemu kubwa ya Rwanda mashariki mwa Kongo na kusini-magharibi mwa Uganda, na kwamba watu wa huko ni raia wa nchi hizo waliokuwa wakinyimwa haki zao. Nusu ya pili ya kauli hiyo ni kweli kabisa. Ya kwanza ni sumu, na inaiua ya pili. Mkongo aliyekuwa na mashaka kuhusu jirani yake wa Rutshuru akiisikia, anasema: si niliwaambia? Wenyewe wanasema ile ni nchi yao.

Tena historia yenyewe haiibebi. Makubaliano ya Brussels ya 1910 yaligawa eneo ambamo watu wa Jomba na Bwisha, huko Rutshuru, walisema Kinyarwanda, na baadhi yao walipeleka kodi kwa mwami. Hilo halina ubishi. Lakini Mwami Rwabugiri alipokuwa akivuka Ziwa Kivu mwishoni mwa karne ya 19, alikuwa akivamia nchi za wenyewe. Aliiteka Ijwi, na alipokufa mwaka 1895 akiwa katika safari nyingine ya vita, kisiwa kikajitoa. Kuvamiwa na mfalme hakuifanyi nchi kuwa yake milele. La sivyo, nasi tunalo la kurudisha. Falme ndogo za Bukunzi na Busozo, huku kwetu kusini-magharibi, zilikuwa na wafalme wao hadi miaka ya 1920, zilipotiishwa na askari wa Kibelgiji na kukabidhiwa mwami. Kaskazini, nguvu za Wajerumani ndizo zilizomsaidia mwami mwaka 1912 kukomesha uasi wa Ndungutse. Mkoloni aliyeikata Rwanda 1910 ndiye aliyeishonea vipande vingine miaka michache baadaye, na vipande hivyo hatumwombi mtu radhi navyo.

Watu wa Jomba kuwapo pale kabla ya mpaka ni hoja yao wao dhidi ya Kinshasa. Ni ushahidi wa uraia wao wa Kongo, na mwenye haki ya kuupeleka mahakamani ni wao. Kigali ikiushika mkononi unageuka hati ya kudai ardhi, na mwenyewe anapoteza kesi.

Kuna kundi jingine la kujibiwa, na hili liko maofisini. Linakubali kwamba historia inaua, kisha linahitimisha: basi iandikwe moja, ifungwe, isiguswe. Baada ya 1994 masomo ya historia ya Rwanda yalisimamishwa shuleni kwa miaka, na waliosimamisha walikuwa na sababu. Ungemfundisha mtoto nini, kwa kitabu kipi? Yaliyokuja baadaye ndiyo yanayonisumbua. Simulizi inayopendwa sasa inasema tulikuwa kitu kimoja, mkoloni akaja akatugawa. Ina ukweli mwingi: kitambulisho chenye kabila ni cha Mbelgiji. Lakini uburetwa, kazi za lazima walizobebeshwa Wahutu kwa machifu, ulishika kasi chini ya Rwabugiri, kabla Mzungu yeyote hajalala usiku mmoja ikulu. Jan Vansina na Catharine Newbury waliliandika hilo kwa kirefu, na kuliandika hakuwafanyi kuwa wapinzani wa Rwanda.

Sheria yetu ya 2018 dhidi ya itikadi ya mauaji ya kimbari ina kazi ya haki, kwa kuwa anayekanusha ya 1994 anatayarisha mengine. Nitaitetea popote. Ila mwalimu akiulizwa na mwanafunzi kuhusu uburetwa, akahisi kwamba usalama wake ni kuuruka ukurasa, basi mwanafunzi yule atauliza nyumbani au mtandaoni, na huko wako watu wenye majibu tayari, wengine wao waliotoroka na damu mikononi. Kayibanda, rais wa Jamhuri ya kwanza, naye alikuwa na historia moja. Habyarimana vilevile. Hapakuwa na malumbano darasani wakati wao, na utulivu huo tunajua ulitufikisha wapi.

Nirudi kwa ndugu zangu wa koltani, maana wana jambo hawalioni. Kila tarehe 2 Agosti, siku vita vya 1998 vilipoanza, Kongo huadhimisha Genocost, kumbukumbu ya Wakongo waliouawa kwa ajili ya mali. Ilianzishwa na vijana wa Kikongo walioko Ulaya, serikali ya Tshisekedi ikaifanya siku ya taifa. Waliokufa wanastahili kila mshumaa. Lakini angalieni kilichotokea: hoja ya madini nayo imekuwa historia rasmi, na siku yake kwenye kalenda, na dai lake la kutambuliwa duniani, ikishindana na Aprili yetu. Kigali wanakumbuka wafu wanaothibitisha kwamba Mtutsi anawindwa. Kinshasa wanakumbuka wafu wanaothibitisha kwamba Mnyarwanda ni mwizi. Aliyekuja akisema historia ni porojo amekaa katikati ya ugomvi wa historia, amevaa jezi ya upande mmoja, na anadhani yeye ni mwamuzi.

Hoja yake ilipata jaribio kubwa kuliko alivyoweza kuota. Juni 27, 2025 mawaziri wa mambo ya nje wa nchi zetu mbili walitia saini mkataba Washington, ukiwa na mpango wa ushirikiano wa kiuchumi na minyororo ya madini, na Desemba 4 marais wenyewe wakaenda kuutilia mkazo mbele ya Trump. Kama tatizo lingekuwa nani anachimba na nani ananunua, hapo pangekuwa mahali pazuri pa kulimalizia. Ndani ya wiki moja M23 waliingia Uvira, kisha wakatangaza kuondoka baada ya Marekani kubana. Hati za madini ziliandikwa na watu wanaojua kazi yao. Suala la FDLR limo, maana Kigali ilisisitiza. Lakini nani ni Mkongo, tangu mwaka gani, na nani atamrudishia shamba lake aliyelikimbia: hayo hayakuwa yamemleta mtu Washington.

Wanaolijua swali hilo wako Karongi, juu ya Ziwa Kivu, katika kambi ya Kiziba iliyofunguliwa Desemba 1996. Wapo pale watu waliozaliwa Kiziba, wenye watoto ambao nao walizaliwa Kiziba. Ukikaa nao hawazungumzii koltani. Wanataja majina ya vijiji vya Masisi na Rutshuru, na ng'ombe, na nani analima kwa baba leo. Ukiwauliza wangerudi lini, wanauliza nao: tutarudi kama nani?

Julai 2025 serikali ya Kongo ilikubaliana na KoBold Metals, kampuni ya Kimarekani ya utafutaji madini, kuhusu mambo kadhaa, mojawapo likiwa kuzipata kumbukumbu za kijiolojia za enzi za ukoloni zinazotunzwa katika jumba la makumbusho la Tervuren, pembeni ya Brussels. Ramani za miamba zina foleni. Brussels hiyohiyo, katika kumbukumbu za utawala wa koloni, yamo mafaili ya uhamisho wa 1937 hadi 1955, na ya Gishari, na ya mpaka wa 1910: nani alihamishwa, wapi, kwa ardhi ya chifu yupi. Bunge la Kinshasa limeiona tarehe ya uraia ikibadilishwa mara tatu. Bunge la Kigali huwakumbuka waliouawa kila Aprili. Bunge la Ubelgiji liliunda tume kuhusu ukoloni na kuivunja Desemba 2022 bila kukubaliana hata kuomba radhi. Kati ya mabunge hayo matatu, ni lipi lililoomba mafaili hayo yanakiliwe na kupelekwa Masisi, yasomwe hadharani, Wahunde na Banyarwanda wakiwa wamekaa pamoja?